Pigo la Pili: anemoni wa baharini ndani ya dakika 6 za muziki

Kikundi cha watu watano kinatakiwa kupiga kipande cha dakika 6 kinachotokana na anemoni mmoja wa baharini, mnyama laini wa minyiri anayeshika mwambani, huku picha za mnyama huyo zikionyeshwa ukutani nyuma yao. Ala ni akodiani, ganuni, udi, sello na dumbak. Kazi inaonekana nyepesi mpaka mtu aanze kuhesabu muda. Anemoni anaishi kwa saa mbili, yaani miendo miwili ya muda, ndani ya mwili mmoja: moja ya dakika, nyingine ya sekunde. Mtunzi anayezikunja zote kwa kipimo kimoja anaua ile ya pili, na ya pili ndiyo yenye mdundo.

Wengi huanza kwa njia iliyozoeleka. Wanaona minyiri ikipepea, basi wanaandika noti nyingi ndogondogo zinazopanda na kushuka, ala ya kioo juu, nyuzi laini chini. Desturi hii ina umri wake: Saint-Saëns aliandika hivyo mwaka 1886 katika "Aquarium", kwa piano mbili, filimbi, ala ya kioo na nyuzi, na tangu hapo masikio yamezoea kwamba maji yanalia namna hiyo. Kwa tangi la samaki inafaa. Kwa anemoni ni kosa, kwa sababu sehemu kubwa ya ule mpepeo si yake. Ni wa wimbi. Mweke kwenye kidimbwi kilichotulia, maji yakiwa yamekupwa, na karibu kila kitu kilichokuwa kikicheza kitasimama. Kinachobaki ndicho chake.

Na kinachobaki kinatokana na namna alivyoumbwa. Anemoni ni mfuko wa maji wenye mdomo mmoja juu, unaoingiza chakula na kutoa mabaki. Chini ana wayo unaoshika jiwe au kombe, kiwiliwili ni kama mkebe laini, na minyiri imezunguka mdomo. Hana mfupa, kinachomsimamisha ni maji yaliyofungiwa ndani. Hana ubongo pia, ana wavu wa neva uliotandazwa mwili mzima. Akikaza misuli, maji hutoka mdomoni upesi na mwili unanywea. Ila kujaa tena si kazi ya misuli. Kwenye ncha ya mdomo kuna mfereji wenye vinyweleo vidogo sana vinavyosukuma maji kuingia kidogokidogo, kwa shinikizo dogo mno. Ndiyo maana hufumba kwa kasi na kufumbuka kwa taratibu, na taratibu hiyo inaweza kuchukua dakika nyingi. Mtu wa akodiani akisikia maelezo haya anaelewa mara moja, maana na yeye ana mfuko wa kujaza na kuutoa. Mwili wa anemoni upewe akodiani, hapo hakuna mjadala mrefu.

Saa ya pili iligunduliwa maabara. Carl Pantin wa Cambridge alichapisha mwaka 1935 majaribio yake juu ya Calliactis parasitica, anemoni anayependa kukaa juu ya kombe lililohamiwa na kaa. Alimpa pigo moja dogo la umeme. Hakuna kilichotokea. Akaongeza nguvu ya pigo, bado kimya. Lakini pigo la pili lilipofuata la kwanza ndani ya kama sekunde 3, msuli wa ukingoni, ule unaofumba mdomo kama mfuko wa kamba, ulijikunja. Mapigo yakikaribiana zaidi, mkunjo unakuwa mkubwa zaidi. Yakizidi kuachana, pigo la pili linakuwa kama la kwanza tena, na mnyama hajali. Pigo la kwanza kazi yake ni kusafisha njia. La pili ndilo linalopita. Nguvu ya pigo, ikishavuka kiwango cha kuhisiwa, haina maana. Maana iko katika nafasi kati ya pigo na pigo.

Mpiga ngoma yeyote anapaswa kuisoma aya hiyo mara mbili. Huyu ni mnyama asiyesikia sauti kubwa wala ndogo, anasikia mwendo.

Halafu ikaja kazi ya mwaka 1950 ya Batham na Pantin juu ya Metridium senile, anemoni wa bahari za baridi za kaskazini. Walimtazama kwa muda mrefu, bila kumgusa, na wakakuta hatulii: anarefuka na kunywea, anarefuka tena, katika mizunguko ya takriban dakika 10, bila kichocheo chochote kutoka nje. Jicho la mtu halioni hivyo. Ukimtazama dakika moja utasema ni ua. Wakakuta pia kwamba mapigo yanayoachana sana, yale ambayo msuli wa kufumba hauyajali, huamsha misuli mingine ya polepole, na jibu lake huanza baada ya kuchelewa sana, wakati mwingine zaidi ya dakika nzima.

Sasa hesabu. Tuchukue saa 2 za uhai wa mnyama na dakika 6 za muziki. Sekunde 7,200 kugawa kwa 360 ni 20. Mzunguko wa dakika 10 unakuwa sekunde 30, na mizunguko 12 inaingia sawasawa. Hapo saa ya kwanza imekaa vizuri. Sekunde 30 ni pumzi ndefu lakini sikio linaifuata. Ile nafasi ya sekunde 3 ya Pantin nayo ukiikunja mara 20 inakuwa sekunde 0.15. Katika dumbak hiyo ni mviringisho wa vidole, hakuna msikilizaji atakayetofautisha mapigo yaliyo ndani ya nafasi na yaliyo nje. Kanuni yote inapotea. Hapa ndipo kazi nyingi za namna hii hufa, na mtunzi hajui imekufa kwa nini. Anadhani tatizo ni melodia.

Dawa ni kukunja mwili na kuacha neva. Akodiani na picha za ukutani ziende kwa kasi ya mara 20. Dumbak ibaki kwenye sekunde halisi. Kisayansi ni ubabaishaji, tukubali, kwa sababu saa mbili ambazo kwa mnyama zimeshonana zinatenganishwa. Lakini kila moja inabaki inasikika, na uhusiano wao ukiwekwa kwa uangalifu hauchoshi.

Kupiga picha kwanza. Pwani yetu, kuanzia Lamu hadi Mtwara, siku za bamvua maji hupwa kabisa kati ya saa nne na saa tano asubuhi hivi, na una kama saa 2 za kufanya kazi, moja kabla na moja baada ya maji kusimama. Tafuta kidimbwi cha mwambani au kwenye majani ya bahari kisichokauka, chenye kina cha sentimita 30 hadi 50, na mnyama aliyeshika jiwe lisilotikisika. Kamera iwe ndani ya maji, ubavuni mwake, juu ya kipande cha risasi au jiwe bapa. Ukipiga kutoka juu, mng'ao wa uso wa maji utaharibu nusu ya picha. Picha moja kila sekunde 0.8 kwa saa 2 ni picha 9,000, na zikionyeshwa 25 kwa sekunde zinatimiza dakika 6 kamili. Kila picha ikiwa na MB 3 unahitaji GB 27, hivyo kadi ya GB 32 inatosha na kubaki. Mwanga ufungwe: ukiacha kamera ijirekebishe yenyewe, kila wingu likipita sinema itapepesa kama taa mbovu.

Makosa ya hapo ni ya kawaida. Kivuli cha mpigapicha kikimwangukia, anemoni mwenye mwani ndani ya tishu zake hubadili mkao, maana yeye hutanuka mchana kufuata jua. Wasio na mwani wengi hufunguka usiku. Kidimbwi kidogo kikipigwa na jua hupata moto, na zile saa 2 zikikaribia kwisha mnyama ananywea kwa joto, wala si kwa mzunguko wake. Usimbandue mwambani ili umsogeze pazuri: wayo ukichanika huenda asipone. Wala usimchokoe ili "afanye kitu". Wengine wana upupu mkali unaoacha malengelenge, na mkono ulioshika minyiri usipelekwe jichoni.

Picha zikipatikana, pima. Chukua kila picha ya 12, yaani takriban kila sekunde 10 za maisha yake, ambazo ni nusu sekunde ya muziki. Pima urefu wa kiwiliwili kwa rula juu ya skrini na uandike kwenye karatasi ya miraba. Pointi 750 ni kazi ya jioni mbili. Usikopi zile dakika 10 za Metridium na kumvika mnyama wa Kizimkazi au Watamu; yule ni wa maji ya baridi, huyu wa maji ya vuguvugu, na kila mmoja ana mwendo wake. Kama mzunguko wa wako ni dakika 14, basi katika muziki ni sekunde 42 na mizunguko haitatimia 12. Iache isitimie.

Mstari unaopanda na kushuka kwenye karatasi ndio mvukuto wa akodiani. Kilele ni mvukuto uliofunguka wote, bonde ni uliofungwa. Mpigaji ashike noti mbili tu, Re na La, kwa safu moja ya ndimi. Akiongeza noti ya tatu, upepo hautoshi kuvuta sekunde 18 au 20 bila kugeuza, na mgeuzo husikika kama kikohozi. Anywee upesi, ajae taratibu. Sello inamfuata chini yake kwa kuteleza bila kukata, nusu sekunde nyuma.

Dumbak ndiyo yenye sheria, na sheria ni nne. Metronomu iwekwe 60 ili pigo moja liwe sekunde moja. Kila pigo liwe na nguvu ileile ya wastani, mwanzo hadi mwisho. Pigo moja halijibiwi na ala yoyote. Pigo linalofika ndani ya sekunde 3 tangu lililotangulia hujibiwa na ganuni: la pili noti moja fupi, la tatu noti mbili kwa pamoja, la nne tatu, na mapigo yakiwa karibu zaidi jibu linaongezwa noti moja. Sekunde 3 zikipita, hesabu inarudi mwanzo.

Dakika ya kwanza inaweza kuwa hivi. Sekunde ya 0, pigo. Kimya. Sekunde ya 7, pigo, na kimya tena. Kufikia hapo msikilizaji anadhani ganuni amekosa zamu. Sekunde ya 13 na ya 15, mapigo mawili, ganuni anajibu noti moja, Fa kavu. Sekunde ya 24, 25, 26 na 27, manne, na jibu linanenepa kila mara mpaka noti nne. Kisha mapigo yanayoachana sana, ya 33, 39, 45, 51 na 57, yote peke yake, yote bila jibu. Haya ya mwisho ndiyo ya misuli ya polepole: yameiita, ila jibu linakuja dakika moja baadaye, katika sekunde ya 117, pale udi unapoanza kushuka hatua kwa hatua bila sababu inayoonekana. Ungeweza kulikunja kuchelewa huko mara 20 kama ulivyokunja mwili, likawa sekunde 3. Afadhali libaki dakika nzima. Msikilizaji awe amesahau kilichoita. Mnyama naye huonekana hivyohivyo, anainama wakati hakuna aliyemgusa.

Kuna safu nyingine kwa anayetaka kuongeza. Mwaka 1969 McFarlane alionyesha kwamba Calliactis ana njia mbili za polepole mbali na ule wavu wa neva: wavu hupitisha ishara kwa kasi ya kama mita 1 kwa sekunde, njia hizo kwa sentimita chache tu. Kwa mwili wa sentimita 5, tukio lilelile linafika mara moja kwa njia moja na kama sekunde moja baadaye kwa nyingine. Dumbak ikipiga, udi urudie kwa kidole kimoja sekunde moja baadaye, kwa sauti ya chini sana. Si kila pigo, la sivyo inageuka mwangwi wa kanda.

Mazoezini, shida ya kwanza ni mikono ya mpiga dumbak. Amefundishwa miaka yote kwamba mapigo manne ya kufuatana yanapanda nguvu, na yatapanda tu. Yakipanda, msikilizaji anaamini ganuni inajibu ukubwa wa sauti, na kipande kinasema kinyume cha kile mnyama anachofanya. Mwambie apige ukingoni kwa kidole kimoja, mkono mwingine umeegemea ngozi. Hapo hana pa kuongezea. Shida ya pili ni mistari ya vipimo. Kwa kuwa nafasi ni sekunde 3, mtu anaandika tatu kwa nne na kuhisi amemaliza. Matokeo yake ganuni anahesabu kutoka kwenye mstari badala ya kutoka kwenye pigo la mwisho, na pigo la mwisho wa kipimo kimoja likifuatwa na la mwanzo wa kingine analiona jipya. Ondoa mistari. Andika sekunde juu ya karatasi na kila mtu awe na saa yenye mshale mbele yake.

Ya tatu ni kimya. Wapigaji wa taarabu hawapendi kimya kisicho na mpango, na ni haki yao. Sekunde 6 za akodiani peke yake jukwaani zinaonekana kama mtu kasahau wimbo. Mpiga sello ataanza kupamba. Akipamba, ule mstari uliopimwa jioni mbili unafunikwa. Hili halina ufundi wa kulitibu zaidi ya kuwaonyesha picha ukutani tangu siku ya kwanza ya mazoezi, ili waone kwamba akodiani anafuata kitu.

Wapo wanaouliza kwa nini tusimrekodi anemoni mwenyewe. Hana sauti. Wenye sauti ni wapangaji wake. Mwaka 2007 Eric Parmentier na wenzake walieleza namna samaki wa anemoni anavyolia: anafunga taya kwa ghafla kwa msaada wa kano, meno yanagongana. Yule wa pwani yetu, Amphiprion akallopisos, wa rangi ya chungwa mwenye mstari mweupe mgongoni, amechunguzwa pia, na sauti yake hufuata ukubwa wa mwili: mkubwa hulia chini, mdogo juu, takriban kati ya mitetemo 400 na 900 kwa sekunde. Nyumba moja ya anemoni huwa na jike ambaye ndiye mkubwa kuliko wote, dume wake, na wadogo wasiozaa. Yaani kwaya iliyopangwa kwa cheo ndani ya oktava moja na kidogo. Jike akifa, dume hugeuka jike na sauti ya chini inarithiwa.

Wakiingizwa katika kipande hiki, waingie katikati tu, dakika ya 3 hadi ya 4, na kwa udi uliozibwa nyuzi kwa kiganja: La ya 440 kwa jike, Re iliyo juu yake kwa dume, Sol kwa wadogo. Milio mifupi ya kufuatana, mitatu au minne, kisha basi. Ukitaka sauti halisi, maikrofoni ya majini iwekwe sentimita 20 hadi 30 kutoka kwa mnyama, na ukubali kwamba kamba wanaogonga gando watafunika kila kitu kwa mchakacho kama wa mafuta ya kukaangia. Mchakacho huo uko juu zaidi, hivyo kata kila kilicho juu ya mitetemo 2,000 na kilicho chini ya 100, ambako wimbi linanguruma. Boti yenye mashine ikipita, subiri.

Saa ya tatu ipo, ila haiingii jukwaani. Sir John Dalyell alimwokota anemoni North Berwick, Scotland, mwaka 1828 akamweka ndani ya chombo cha kioo. Mnyama huyo, aliyekuja kuitwa Granny, yaani Bibi, akamzidi umri yeye na baadhi ya waliompokea baada yake, akafa Edinburgh mwaka 1887. Miaka 59 ya kujaa na kunywea. Hakuna ukunjaji wa mara 20 unaoifikia.

Mwisho wa kipande upangwe kwa sheria ileile. Akodiani inafunga mvukuto wake wa mwisho katika sekunde ya 350. Sekunde ya 356, dumbak inapiga pigo moja. Ni pigo la kwanza, kwa hiyo halina jibu, na watu watataka kupiga makofi hapohapo. Mpigaji asiondoe kiganja kwenye ngozi, ganuni naye abaki na vidole juu ya nyuzi, mpaka sekunde 3 zipite na picha ukutani izimike.